Je, Ni Haki Kusimamisha Kesi Iliyokwisha Kuanza?

Mtu ameuawa, au mali ya watu imeliwa, au watoto wametekwa na kufanywa askari. Mshitakiwa amekamatwa, amesimamishwa mbele ya mahakimu, na mashahidi wamekwisha kuanza kusema. Kisha siku moja wakili wake anainuka na karatasi mkononi, anasema: «Mabwana mahakimu, twaomba kesi hii isimame.» Nao mahakimu wanakubali. Watu waliotoka mbali ili kusikia hukumu wanarudi kwao mikono mitupu, na njiani wanaulizana: «Je, hii ndiyo haki?»

Swali hilo si dogo, wala halifai kuachiwa mawakili peke yao. Sisi wa Mutwanga, pamoja na ndugu zetu wa Beni, Oicha, Butembo na Kasindi, tumezika watu wengi mno. Twataka kesi ziende mbele mpaka mwisho. Mtu anayeona kesi zasimama kila mara, mwisho husema moyoni mwake kwamba korti ni mchezo wa wenye feza. Na akiisha kusema hivyo, kesho ataokota jiwe au kuchukua petroli, na kumhukumu jirani yake barabarani pasipo hakimu. Kwa hiyo yatupasa kulitazama swali hili polepole, bila hasira.

Jambo lenyewe ni nini

Kwanza tupatane juu ya maneno. Hatusemi juu ya rufaa, maana rufaa huja baada ya hukumu. Wala hatusemi juu ya mshitakiwa anayekana kosa lake. Twasema juu ya ombi la kwamba kesi iliyo mbele ya mahakimu isiendelee, ama kwa muda mpaka jambo fulani litengenezwe, ama kwa siku zote.

Katika nchi yetu njia hiyo imo ndani ya Katiba yenyewe. Kifungu cha 162 cha Katiba ya mwaka 2006 chamruhusu mtu mwenye kesi kudai kwamba sheria inayotumiwa juu yake yapingana na Katiba. Hapo korti inayomhukumu hungoja kwanza, na swali hupelekwa mbele ya Korti ya Katiba kule Kinshasa. Uganda wanayo njia ya namna hiyo, na Kenya vilevile. Hata Korti ya Kimataifa ya Jinai, iliyoko La Haye katika nchi ya Uholanzi, yaweza kusimamisha kesi yake yenyewe.

Basi jambo hili si hila iliyobuniwa na wajanja. Ni mlango uliowekwa na sheria. Lakini mlango hupitwa na mwenye nyumba, hupitwa na mwizi pia. Swali letu ni hili: mtu mwenye dhamiri njema anaweza kuupita mlango huo lini, na lini hawezi?

Methali mbili

Wazee walituachia methali mbili ambazo kwa masikio zagombana. Ya kwanza yasema: Haraka haraka haina baraka. Ya pili yasema: Ngoja ngoja huumiza matumbo. Anayeomba kesi isimame hushika ya kwanza. Anayelia kwa ajili ya marehemu wake hushika ya pili. Nani ana haki?

Katika kitabu cha nabii Danieli twasoma habari za Susana. Wazee wawili waliokuwa waamuzi walimtamani, naye alipowakataa wakamsingizia uzinzi. Watu waliamini maneno yao, kwa sababu ya mvi zao na cheo chao. Susana akahukumiwa kufa. Alipokuwa akipelekwa kuuawa, kijana Danieli alipaza sauti, na watu wakasimama. Angalieni vema alilotaka Danieli. Hakutaka mwanamke aachwe aende zake, na shauri lisahauliwe. Aliwataka watu warudi barazani, akawatenga wale wazee wawili, akamwuliza kila mmoja peke yake kwamba aliwaona chini ya mti gani. Huyu akataja mti huu, yule akataja mwingine, na uongo ukaonekana mchana kweupe. Danieli alisimamisha ili watu warudi kutafuta ukweli.

Sasa tazameni upande wa pili. Katika Matendo ya Mitume, Mtakatifu Paulo alisimama mbele ya liwali Feliki. Washitaki walisema, Paulo akajibu, kila kitu kilikuwa mezani. Feliki akaahirisha shauri, akisema kwamba amngoja jemadari Lisia aje. Miaka miwili ikapita. Feliki alikuwa akimwita Paulo mara kwa mara na kuzungumza naye, kwani alitumaini kupewa feza. Alipoondoka katika kazi yake, alimwacha Paulo kifungoni. Feliki alisimamisha ili ukweli usifike.

Kwa nje matendo hayo mawili yafanana: katika yote mawili shauri lilikuwa likienda, likasimamishwa. Lakini kwa ndani yameachana kama mchana na usiku.

Mtakatifu Tomaso wa Akwino, aliyeishi katika karne ya 13, aliandika juu ya jambo lililo karibu sana na hili, yaani mshitakiwa anayekimbilia kwa mwamuzi mwingine. Alifundisha kwamba mtu anayefanya hivyo kwa kuwa ana haki na anaogopa kuonewa, hana kosa. Lakini anayefanya hivyo ili kuchelewesha tu, hukumu ya haki isitolewe, huyo hutenda dhambi. Tena huwadhuru watu wawili kwa mara moja: mwamuzi, kwa kumzuia katika kazi yake, na yule aliye upande wa pili, kwa kumnyima haki yake. Mafundisho hayo yana zaidi ya miaka 700, na bado yafaa kwa kesi zetu za leo. Tuyajaribu.

Kesi ya Ituri

Ndugu zetu wa Ituri ni majirani, na vita vyao vya mwaka 2002 na 2003 twavikumbuka. Thomas Lubanga, mkuu wa kundi la UPC, alipelekwa La Haye mwezi wa Machi 2006. Alishitakiwa kwa kuandika jeshini watoto wasiotimiza miaka 15 na kuwatumia vitani. Alikuwa mtu wa kwanza kushitakiwa mbele ya korti ile, na dunia nzima ilikuwa ikitazama.

Kesi ilikuwa ianze kusikilizwa mwezi wa Juni 2008. Siku chache kabla, tarehe 13 Juni, mahakimu walisimamisha kila kitu. Kwa nini? Mwendesha mashitaka alikuwa na hati zaidi ya 200, nyingi zikiwa zimetoka kwa Umoja wa Mataifa, na ndani yake yalikuwamo mambo ambayo yangeweza kumsaidia mshitakiwa. Alikuwa amezipokea kwa ahadi ya kuzificha. Basi mshitakiwa hakuonyeshwa, na mahakimu wenyewe hawakuonyeshwa. Wakasema kwamba kesi haiwezi kuwa ya haki namna hiyo. Wakaagiza hata Lubanga aachiliwe, lakini mahakimu wa rufaa wakakataa kumfungua. Mwezi wa Novemba hati zilipokwisha kuonyeshwa, kizuizi kiliondolewa, na kesi ikaanza tarehe 26 Januari 2009.

Mwezi wa Julai 2010 ikasimama tena. Safari hii ilikuwa kwa sababu ya watu wa kati, yaani watu wa huku kwetu waliotumiwa na ofisi ya mwendesha mashitaka kutafuta mashahidi vijijini. Upande wa mshitakiwa ulisema kwamba baadhi ya watu hao waliwafundisha vijana kusema uongo. Mahakimu waliagiza jina la mmoja wao lijulishwe kwa mawakili wa mshitakiwa, na mwendesha mashitaka hakutii. Kesi ikasimamishwa. Mwezi wa Oktoba mahakimu wa rufaa wakaamuru iendelee, wakisema kwamba asiyetii angepaswa kuadhibiwa kwanza, kabla ya kufikia hatua kubwa ya kuizuia kesi yote.

Mwishoni mwa mwaka huohuo mawakili wa Lubanga wenyewe wakaleta ombi lao: kesi ikomeshwe kwa siku zote, kwa sababu mashahidi wamechafuliwa. Mwanzo wa mwaka 2011 mahakimu wakalikataa. Waliona kwamba uongo wa shahidi waweza kupimwa katika hukumu yenyewe, na hakuna haja ya kuivunja kesi nzima kwa ajili yake.

Na hukumu ilipotoka tarehe 14 Machi 2012, ilikuwaje? Baada ya siku 204 za kusikiliza, Lubanga alionekana na hatia, na baadaye akapewa miaka 14 ya kifungo. Lakini mahakimu waliyaweka kando maneno ya mashahidi kadhaa waliojiita watoto askari wa zamani, kwa kuwa waliona yamkini watu wa kati waliwavuta kusema yasiyo kweli. Walitegemea mambo mengine, kati yake picha za sinema zilizopigwa katika kambi ya Rwampara, karibu na Bunia, mwezi wa Februari 2003, ambazo zilimwonyesha Lubanga mwenyewe pamoja na askari wadogo sana.

Tupime sasa. Watu wengi wa Ituri waliumia walipoona kesi yasimama mara mbili, na maumivu yao yalikuwa ya haki. Lakini tujiulize: kama isingalisimama, na kama hati zingalibaki zimefichwa, hukumu ile ingalikuwa na nguvu gani? Kila mtu angaliweza kusema kwamba Lubanga alifungwa kwa ujanja. Aliyepoteza mtoto wake hafarijiwi na hukumu ya namna hiyo. Kusimama kule kuliisafisha kesi. Na ombi la mwisho, la kuikomesha kabisa, lilikataliwa kwa haki, maana ukweli ulikuwa bado waweza kupatikana.

Kesi ya Gulu

Kesi ya pili yatoka Uganda, lakini mtu wake alikamatwa katika ardhi yetu ya Kongo. Thomas Kwoyelo alikuwa kamanda katika jeshi la LRA la Joseph Kony, lile lililowatesa Waacholi na baadaye ndugu zetu wa Uele. Alitekwa na waasi hao akiwa mtoto, akakulia msituni, akawa mkubwa wao. Mwezi wa Machi 2009 askari wa Uganda walimkamata upande wa Garamba. Kesi yake ilifunguliwa Gulu tarehe 11 Julai 2011.

Mawakili wake waliuliza jambo ambalo hata mtoto aweza kulielewa. Uganda ilikuwa na sheria ya msamaha ya mwaka 2000. Watu zaidi ya 20,000 walioacha uasi walikwisha kupewa msamaha huo, na kati yao walikuwamo wakubwa. Kwoyelo aliuomba pia, lakini hakupewa. Kwa nini yeye peke yake ahukumiwe? Tarehe 22 Septemba 2011 Korti ya Katiba ilikubali neno hilo, ikaagiza kesi ikome.

Lakini serikali ilikwenda mbele ya Korti Kuu ya juu kabisa. Jibu lilitoka tarehe 8 Aprili 2015: msamaha ule hauwezi kufunika makosa ya kuwatesa na kuwaua raia wasio na silaha, na kesi iendelee. Iliendelea polepole mno. Hukumu ilitoka tarehe 13 Agosti 2024: hatia kwa makosa 44, na mwezi wa Oktoba akapewa miaka 40.

Hesabuni, ndugu wasomaji. Toka kukamatwa mpaka hukumu ni miaka 15. Muda huo wote Kwoyelo alikuwa gerezani. Hata baada ya korti moja kusema kesi ikome, yeye hakutoka. Na upande wa pili, mama aliyeibiwa mwanawe, mzee aliyechomewa nyumba, walikaa wakingoja. Na wanaozeeka hawangoji milele. Je, ombi lile la 2011 lilikuwa baya? Sisi twasema hapana. Kuuliza kwa nini mmoja ahukumiwa na mwenzake asamehewa ni swali la haki, na lilistahili jibu. Ubaya ulikuwa katika jibu kuchukua miaka karibu minne kuwa la mwisho, na kesi yenyewe kuchukua miaka mingine tisa. Swali lilikuwa halali. Kungoja kule ndiko kulikokuwa adhabu pasipo hukumu, kwa mshitakiwa na kwa walioumizwa pia.

Neno moja juu ya Kinshasa

Hata wakubwa wa nchi yetu wamepita katika mlango huu. Augustin Matata Ponyo, aliyekuwa waziri mkuu toka 2012 mpaka 2016, alishitakiwa kwa ajili ya feza za shamba kubwa la Bukanga-Lonzo, shamba ambalo lilitazamiwa kulisha watu na halikuwalisha. Tarehe 15 Novemba 2021 Korti ya Katiba ilisema kwamba haina uwezo wa kumhukumu mtu aliyekwisha kuacha kazi ya uwaziri mkuu. Mwaka mmoja baadaye, mwezi wa Novemba 2022, Korti hiyohiyo ikasema kwamba uwezo inao. Mwaka 2025 ikazuka habari ya kinga yake kama mbunge, lakini Korti iliendelea, na tarehe 20 Mei 2025 ikamhukumu miaka kumi ya kazi za nguvu.

Hatuamui hapa kama hukumu hiyo ilikuwa sawa au si sawa. Twasema tu kwamba raia aliyesikia korti moja ikisema hapana, kisha ndiyo, alibaki ameshangaa. Kuuliza ni hakimu gani mwenye uwezo ni jambo jema. Hakuna anayependa kesi ya ngedere ihukumiwe na nyani. Lakini swali hilo lijibiwe mara moja na kwa namna ambayo watu watalielewa, maana kesi ikisimama pasipo sababu inayoeleweka, mioyo ya watu nayo yasimama.

Mapimo matatu

Kwa mifano hiyo twaweza kutoa mapimo matatu. Si ya mawakili tu. Ni ya kila mtu mwenye kutaka kujua kama ombi la kusimamisha kesi ni jema au baya.

Pimo la kwanza: ombi lataka nini kifanyike? Kama lasema hati iliyofichwa ionyeshwe, shahidi aliyezuiliwa aletwe, hakimu mwenye upendeleo aondoke, sheria iliyo mbaya ipimwe, hilo ni ombi la Danieli. Lakini kama halitaki kitu chochote isipokuwa siku zipite, mashahidi wachoke, na watu wasahau, hilo ni ombi la Feliki, hata likiandikwa kwa maneno mazuri.

Pimo la pili: ombi lina mwisho? Kesi iliyosimama lazima iwe na siku ya kurudi. Kama ubaya waweza kutengenezwa, utengenezwe, kesi iendelee. Kuikomesha kwa siku zote kwafaa pale tu ambapo kesi ya haki haiwezekani tena hata kidogo, kama vile mtu aliyeteswa mpaka akakubali kosa, na hakuna ushuhuda mwingine. Hapo kumwacha aende ni uchungu, lakini kumfunga kwa uongo ni uchungu ulio mkubwa zaidi.

Pimo la tatu: nani anailipia siku ya kungoja? Hili husahauliwa mara nyingi. Tajiri aliye nyumbani kwake akiwa amedhaminiwa, anakula na kulala na watoto wake, kungoja ni faida kwake. Maskini aliye ndani, kungoja ni kifungo. Mjane anayengoja kujua nani alimwua mumewe, kungoja ni jeraha lisilofungwa. Hakimu mwenye haki atawatazama hao wote kabla ya kuamua.

Kesi zinazosimama bila mtu kuomba

Tukisema hayo, yatupasa kusema jambo lingine ambalo lauma zaidi. Wengi wa ndugu zetu walio gerezani hawajapata kusikia juu ya kifungu cha 162. Hawana wakili, yule ambaye sisi twamwita avoka, au wanaye wa jina tu. Kesi zao zimesimama, lakini hakuna aliyeomba zisimame. Katika magereza ya nchi yetu walio wengi ni watu ambao hawajahukumiwa bado.

Kuanzia tarehe 6 Mei 2021, utawala wa kijeshi ulipowekwa katika Kivu ya Kaskazini na Ituri, kesi za jinai za raia zilitolewa katika korti za kiraia zikatiwa mikononi mwa korti za kijeshi. Mafaili yalihama meza, watu wakabaki ndani. Nani alipima kama jambo hilo liliwafaa au liliwadhuru? Na kabla ya hapo, gereza la Kangbayi mjini Beni lilikuwa limekwisha kuvunjwa mara mbili, mwezi wa Juni 2017 na tarehe 20 Oktoba 2020. Mara ile ya pili watu zaidi ya 1,300 walitoka kwa saa chache za usiku. Kati yao walikuwamo wauaji, na walikuwamo pia watu waliokuwa wakingoja tu siku yao ya kusikilizwa. Kwa wote hao kesi ilisimamishwa na bunduki, si na hakimu. Aliyekuwa hana kosa hakupata kusema kwamba hana kosa. Aliyekuwa na kosa hakupata kuhukumiwa. Na mwenye kudai haki, asubuhi alikutana na mtu wake njiani.

Hapo twaona kwamba adui wa haki si ombi la wakili peke yake. Kesi inayolala miaka mitatu mezani, bila mtu kuuliza, nayo imesimamishwa. Tofauti ni kwamba hakuna anayetia sahihi.

Sisi wenyewe

Huenda msomaji atasema: «Hayo ni mambo ya La Haye, Gulu na Kinshasa. Mimi ni mlimaji wa kakao chini ya Ruwenzori. Yanihusu nini?»

Yakuhusu sana, ndugu. Rudi uitazame kesi ya Ituri. Ni nini kilichotaka kumfungulia mlango mshitakiwa? Si ujanja wa mawakili wake. Ni uongo wa watu waliosema kwamba wako upande wa watoto. Yamkini walifikiri hivi: «Mtu huyu ana hatia, kila mtu ajua, basi kuongeza maneno kidogo si kosa.» Walimchimbia shimo, na karibu kesi nzima itumbukie humo. Mtu anayesema uongo juu ya mwenye kosa amempa ufunguo wa gereza.

Na sisi leo, tangu mauaji ya ADF yalipoingia katika vijiji vyetu, ni mara ngapi mtu hushikwa na vijana kwa sababu tu hajulikani, au kwa sababu lugha yake ni nyingine, au kwa sababu ana ugomvi wa shamba na jirani yake? Wanasema: «Huyu ni mwenzao.» Wengine hupigwa palepale. Wengine hufikishwa mbele ya korti, na kuna watu walio tayari kushuhudia waliyoyasikia kama kwamba waliyaona. Siku hiyo, kama mshitakiwa ni ndugu yako wa tumbo moja, je, hutataka awepo mtu mmoja wa kusimama na kusema: «Ngojeni kwanza. Mwulizeni kila mmoja peke yake alimwona wapi»? Ule mlango ambao leo wakuudhi kwa sababu apitia mkubwa, kesho ndio utakaomwokoa mwanao.

Basi mambo ya kufanya si mengi, lakini ni magumu. Ukiitwa kuwa shahidi, sema uliyoyaona, na yale usiyoyaona useme kwamba hukuyaona, hata wenye msiba wakikukasirikia. Twajua kwamba kutoka Mutwanga kwenda kortini Beni ni kupita barabara ambayo watu wameuawa na magari yamechomwa. Kwa hiyo anayekwenda asiende peke yake, na jamaa wasimwache. Ukisikia kesi imesimamishwa, usiseme mara moja kwamba feza zimepita. Uliza imesimamishwa kwa sababu gani, mpaka siku gani, na siku hiyo ikifika uende ukaulize tena. Wazee wetu wa Kinande waliokaa katika kyaghanda walijua kwamba shauri lililolala bila mtu wa kuliamsha halitaamka lenyewe. Katika parokia zetu wako walimu, makarani na waliostaafu wanaojua kusoma barua za korti. Na wamsaidie yule mama asiyejua, aandike jina la mfungwa wake, namba ya faili, na siku aliyoingia. Hiyo nayo ni kazi ya huruma, maana Bwana wetu alisema juu ya wafungwa na wanaowatembelea.

Nanyi mawakili mnaosoma ukurasa huu, kazi yenu ni ya heshima. Mtu mwenye kosa naye astahili kutetewa, na mkiona amenyimwa haki, simameni mseme kesi isimame, wala msiogope kelele za watu. Lakini kabla ya kutia sahihi jiulizeni swali moja tu: nikipewa ninachoomba, je, ukweli utakuwa karibu zaidi, au utakuwa mbali zaidi? Jibu la swali hilo mwalijua ninyi kabla ya hakimu, na Mungu alijua kabla yenu.

Kesi iliyosimama kwa haki ni kama mtu aliyesimama njiani ili kuondoa mwiba mguuni. Akiisha kuuondoa, aendelee na safari. Asikae hapo mpaka jua lichwe, na waliomngoja nyumbani wazime taa.